Hatua 70 kwa 70 Ni Ekari? Piga Hesabu ya Kosa Kabla Hujalipa

Msimu wa kukodi ukikaribia, napigiwa simu nyingi za bei: ekari shilingi ngapi, trekta shilingi ngapi. Mimi huuliza kwanza hiyo ekari imepimwaje. Jibu huwa lile lile: "Hatua 70 kwa 70."

Kipimo hicho hakikuzuka hivi hivi. Ekari ni yadi za mraba 4,840, na 70 mara 70 ni 4,900. Yaani hatua moja inatakiwa iwe yadi moja, kama sentimita 91. Kwa mita, ekari ni mita za mraba 4,047.

Sasa tuseme aliyekupimia hatua yake ni sentimita 75. Hatua 70 ni mita 52.5. Zidisha 52.5 kwa 52.5, unapata mita za mraba 2,756. Kosa ni kiasi gani?

Asilimia ya kosa = (tofauti ya makadirio na kipimo halisi ÷ kipimo halisi) × 100

4,047 − 2,756 = 1,291
1,291 ÷ 4,047 × 100 = asilimia 32

Kama umelipa laki moja, shilingi 32,000 zimeenda bure. Trekta nalo utalilipia ekari nzima. Na ule mfuko wa kilo 50 wa mbolea ukiumaliza humo, umeweka sawa na kilo 73 kwa ekari.

Angalia mambo mawili. Kwanza, gawanya kwa kipimo halisi, siyo kwa makadirio; ukigawanya kwa 2,756 utapata 47, na hilo si jibu. Pili, kosa la urefu hukua kwenye eneo. Ekari ya mraba ina upande wa mita 63.6, kwa hiyo hapa kila upande umepungua asilimia 17 na nusu tu, lakini shamba limepungua 32.

Wengine husema "mita 70 kwa 70". Hiyo ni mita za mraba 4,900, imezidi kwa asilimia 21. Ukivuna magunia 25 humo ukajisifu kwamba ni ya ekari moja, ukweli ni kama 20 na nusu. Mpango wako wa biashara wa mwakani unaanza na namba ya uongo.

Dawa yake ni rahisi. Pima mita 50 kwa futi kamba, tembea kawaida mara tatu huku ukihesabu hatua, chukua wastani. Gawanya 50 kwa wastani huo, umepata urefu wa hatua yako. Kisha gawanya 63.6 kwa urefu huo. Mwenye hatua ya sentimita 75 atatembea 85 kwa 85, na kosa lake halifiki hata asilimia 1.

Fanya hivyo kabla hujatoa hela, halafu niandikie hapa chini: shamba lako lina kosa la asilimia ngapi?