Mgeni Aliyeshtakiwa na Pasi Iliyoko Polisi (Sehemu ya 3)

Wiki iliyopita tuliishia kwa wadhamini. Leo tumchukue mgeni aliyekwisha kudhaminiwa, yuko nje, analala kwake, mara anapigiwa simu kwamba baba yake kafariki Mumbai. Pasi yake imo kabatini kituo cha polisi. Afanyeje?

Kwanza tujue pasi ilifikaje huko. Wengi hudhani hakimu aliitaka kwa sababu mshtakiwa ni mgeni. La. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inaiagiza mahakama inapotoa dhamana imtake mshtakiwa, awe nani, akabidhi polisi hati yake ya kusafiria na asitoke nje ya eneo anakoishi. Sharti ni lile lile, ila muuza mitumba wa Kariakoo ambaye hajawahi kuwa na pasi halimuumi.

Hata Katiba hapa haimbebi mgeni sana. Ibara ya 17 inampa haki ya kwenda atakako na kutoka nje ya nchi “kila raia”. Wenzetu wa Kenya, ibara ya 39, wameandika kwamba kila mtu ana haki ya kuondoka nchini mwao, ingawa nako pasi za washtakiwa huishia mahakamani. Kinachomkinga mgeni kwetu ni ibara ya 13(6)(b): asitendewe kama mkosaji kabla hatia haijathibitika.

Basi anakwenda kwa hakimu na maombi yenye hati ya kiapo. Hapa ndipo mawakili wengi huharibu. Kuandika “mteja wangu ana dharura ya kifamilia” kisha ukanyamaza ni kupoteza karatasi. Hakimu anataka cheti cha kifo au barua ya daktari, tiketi ya kwenda na kurudi, anwani atakakofikia, na tarehe ya kurejea iliyo kabla ya siku kesi itakapotajwa tena. Anataka pia kuwasikia wadhamini, maana mtu akitokomea wao ndio watakaolipa. Msiba hauna ubishi. Swali lililo kichwani mwa hakimu ni moja tu: huyu akipanda ndege, nini kitamrudisha? Kwa raia, tiketi ya kurudi humleta nyumbani. Kwa mgeni, nyumbani ni kule aendako.

Woga huo una sababu. Carlos Ghosn, aliyekuwa mkuu wa Nissan, alikamatwa Tokyo Novemba 2018. Ana uraia wa Brazil, Lebanon na Ufaransa. Dhamana zake mbili zilifika yeni bilioni 1.5, na pasi zake wakashika mawakili. Aliomba kuhudhuria kikao cha bodi tu, nchini humo humo, akanyimwa. Lakini kwa kuwa mgeni nchini Japani hutakiwa kutembea na pasi, aliachiwa moja ya Ufaransa ndani ya kikasha kilichofungwa, ufunguo ukabaki kwa mawakili. Desemba 2019 alitoroshwa ndani ya sanduku la vyombo vya muziki kupitia uwanja wa ndege wa Kansai, akaibukia Beirut. Lebanon haiwatoi raia wake, na zile fedha zikataifishwa. Tangu hapo, wakili wa serikali akitaka kupinga maombi ya mgeni, mfano anao mkononi.

Upande wa pili nao upo. Septemba 2013, William Ruto, wakati huo Naibu Rais wa Kenya, alikuwa kizimbani katika Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, The Hague, mgeni kwa Waholanzi, jengo la maduka la Westgate jijini Nairobi liliposhambuliwa. Majaji walimruhusu kwenda nyumbani kwa wiki moja. Alikwenda, akarudi kizimbani, na mwaka 2016 kesi ikakoma.

Ombi likikubaliwa, isome amri neno kwa neno. Hutaja nchi, siku, na lini pasi irudishwe polisi. Aliyeruhusiwa kwenda Mumbai akapitia Dubai kununua simu za biashara amekwisha kuvunja masharti, hata kama amerudi siku ile ile aliyoahidi.

Wiki ijayo: makosa yasiyo na dhamana.