Rufaa inayokufa kabla ya kusikilizwa

Katika Surat Al-Anbiyaa, aya ya 78 na 79, tunasoma habari ya kondoo walioingia usiku katika shamba la watu. Nabii Daud (A.S.) alihukumu, lakini aliyefahamishwa suala lile ni Nabii Suleiman (A.S.), na Mwenyezi Mungu amewasifu wote wawili kwa hekima na elimu. Kuitazama hukumu mara ya pili, basi, si kumvunjia hakimu heshima.

Hapa Tanzania mlango huo upo, ila una saa yake. Aliyetiwa hatiani na Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi hutakiwa kutoa taarifa ya kusudio la kukata rufaa Mahakama Kuu ndani ya siku 10, kisha kuwasilisha sababu zake ndani ya siku 45, bila kuhesabu muda wa kusubiri nakala ya mwenendo na hukumu. Kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda ya Wilaya, ni siku 30. Asiyetimiza hayo rufaa yake hufutwa pasipo ushahidi kuguswa. Zimewahi kufutwa hata kwa sababu taarifa ilitaja mahakama isiyohusika!

Je, huu ni ukatili wa makaratasi? Si lazima. Aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani, Al-Baqara 282, inahusu kuandikiana deni. Na aliyedhulumiwa naye anastahili kujua shauri litakwisha lini. Hata hivyo Katiba, ibara ya 107A, inazitaka mahakama zisiache masharti ya kiufundi yaizuie haki. Mfungwa asiyejua sheria, ambaye karatasi zake hupitia kwa mkuu wa gereza, ndiye anayeihitaji zaidi ibara hiyo.

Tena, rufaa iliyofutwa kwa kasoro si sawa na iliyosikilizwa ikatupwa. Iliyofutwa yaweza kurejeshwa, kwa kuomba kwanza kuongezewa muda na kueleza sababu ya msingi ya kuchelewa.

Siku 10 za mwanzo ndizo nyumba nyingi huzimaliza kwa kilio na kutafuta wa kulaumiwa. Surat Al-Insaan, aya ya 8, inawasifu wanaomlisha maskini, yatima na mfungwa. Basi anayekwenda kumtazama nduguye gerezani wiki hiyo amwulize: taarifa imeandikwa? Imepokelewa na nani, tarehe gani? Nakala ya hukumu imeombwa? Majibu ayaandike.