Chumvi Ipi Iko Shambani Mwako?

Na Bwana Shamba, Chekereni

Ndugu mkulima, leo tutazungumza juu ya neno moja tu. Neno hilo ni CHUMVI.

Kila mmoja wetu analijua neno hili tangu utotoni. Hata mtoto mdogo akitumwa dukani kununua chumvi, hakosei. Lakini shambani neno hili linatupoteza. Limewahi kunipoteza mimi mwenyewe. Nalo limempotezea mama mmoja wa hapa kwetu mavuno ya msimu mzima.

KOSA LANGU

Siku moja niliwafundisha wakulima mkutanoni. Niliwaambia, "Udongo wa baadhi ya majaruba yetu una chumvi. Chumvi inaua mpunga." Wote wakakubali, maana weupe juu ya udongo wameuona kwa macho.

Baada ya wiki mbili nilirudi kufundisha juu ya mbolea. Nilitumia jina la zamani, ambalo wazee wengi wanalijua. Nilisema, "Mpunga unahitaji mbolea ya chumvichumvi."

Mama mmoja alikuwa ameketi nyuma. Ana jaruba moja tu, na jaruba hilo ndilo linalolisha nyumba yake. Alisikiliza, akanyamaza, akaenda zake. Njiani akafikiri, "Juzi bwana shamba alisema chumvi inaua mpunga. Leo anasema nitie chumvi. Shamba langu lina chumvi tayari. Sitii."

Msimu ule hakutia mbolea hata kiganja kimoja. Mpunga wake ukawa wa njano, ukadumaa. Jaruba lililozoea kumpa magunia 20 lilimpa magunia 9. Nilipomwuliza sababu, alinijibu, "Mwanangu, si wewe uliyesema chumvi inaua?"

Sikuwa na jibu. Mama yule alisikiliza vizuri. Mimi ndiye niliyetumia neno moja kwa vitu viwili bila kueleza.

CHUMVI NI NINI?

Kuna watu ambao kazi yao ni kuchunguza vitu vimeundwa na nini, na vinabadilikaje vikichanganywa. Elimu yao inaitwa kemia. Watu hao wakisema "chumvi", hawana maana ya ile ya mezani peke yake. Kwao chumvi ni ukoo mkubwa. Chumvi ya mezani ni mtoto mmoja tu katika ukoo huo.

Ukoo huo unatokeaje? Hebu tuanze na vitu vya nyumbani.

Ndimu ni kali ulimini. Ukali wa namna hiyo unaitwa ASIDI. Wengine huita tindikali. Maji ya majivu nayo ni makali, lakini kwa namna nyingine. Yanateleza mkononi kama sabuni. Ukali huo unaitwa BESI.

Sasa mimina maji ya ndimu kidogo kidogo ndani ya maji ya majivu. Usiyaonje wala usiyanywe. Utakapofikia kiasi kinachotosha, utelezi utakwisha. Na ule uchachu wa ndimu nao haupo tena. Vikali viwili vimekutana, vikapozana. Kitu kipya kimetokea ndani ya maji yale. Kitu hicho ndicho mtu wa kemia anachokiita chumvi.

Basi tukumbuke hivi: ASIDI IKIKUTANA NA BESI, INATOKA CHUMVI.

Kwa hiyo kila chumvi ina majina mawili, kama mtu mwenye jina lake na jina la ukoo. Tazama mifano hii:

Chumvi ya mezani ni kloridi ya sodiamu.

Magadi tunayopikia maharage ni kaboneti ya sodiamu. Magadi ni chumvi yenye tabia ya besi. Ndiyo maana yanalainisha maharage, na ukiyakamulia ndimu yanatoa povu.

Mbolea ya SA ni salfeti ya amonia. Asidi yake ni ile kali inayotiwa ndani ya betri ya gari. Besi yake ni amonia, yaani ile harufu inayochoma pua ndani ya banda la kuku. Vitu hivyo viwili vyote ni vikali. Vikikutana, vinatoa mbolea ambayo mpunga unaipenda.

Jasi ni salfeti ya kalsiamu. Jasi ni lile jiwe laini linalochimbwa Makanya, wilayani Same, katika mkoa wetu huu wa Kilimanjaro. Linatumika katika saruji. Jasi iliyochomwa hutumika pia kumfungia mtu aliyevunjika mfupa.

Vyote hivyo ni chumvi kwa jina la kemia. Lakini huwezi kutia jasi kwenye mboga, wala kutia chumvi ya mezani kwenye mpunga. Ukoo ni mmoja, kazi ni mbalimbali.

Na mbolea ya Urea je? Urea ina chembe nyeupe kama chumvi, na inayeyuka kama chumvi. Lakini kwa kemia Urea si chumvi. Kwa hiyo jina la "mbolea ya chumvichumvi" halitoshi hata kwa mbolea zote za dukani. Siku hizi mimi nasema "mbolea ya viwandani", kisha nataja jina lake: SA, Urea au DAP.

CHUMVI YA SHAMBANI INATOKA WAPI?

Wakulima wengi wananiambia, "Chumvi hii imeletwa na mbolea." Tupige hesabu pamoja.

Mlima wetu Kilimanjaro ulitokana na moto wa chini ya ardhi. Miamba yake ina sodiamu na madini mengine. Maji yanapopita katika miamba, yanayeyusha madini hayo kidogo kidogo na kuyateremsha huku tambarare. Maji ya mto Rau na ya Njoro yanaingia katika mifereji ya Moshi Chini, iliyojengwa katika miaka ya 1980 kwa ushirikiano wa Tanzania na Japani. Maji hayo ni matamu kwa kunywesha mimea. Lakini hakuna maji ya mto yasiyo na chumvi hata kidogo.

Tuchukue mfano. Jaruba lina mita 100 kwa mita 30. Katika msimu mmoja tunalipa maji ambayo yangekusanywa pamoja yangefika kina cha mita 1. Hayo ni mita za ujazo 3,000. Tuseme kila mita ya ujazo, yaani mapipa 5 ya lita 200, ina gramu 300 tu za chumvi. Zidisha. Utapata kilo 900. Hiyo ni sawa na mifuko 18 ya kilo 50! Nawe umetia mfuko mmoja au miwili tu ya mbolea.

Sasa maji yakipata njia ya kutoka, yanaondoka na chumvi yake. Mtaro wa kutolea maji ukiziba, maji hayatoki. Jua linayakausha. Maji yanapaa angani, chumvi inabaki chini, kama inavyobaki katika sufuria iliyokaukia jikoni.

Tena jua linavuta maji yaliyo chini ya udongo. Yanapanda kama mafuta ya taa yanavyopanda katika utambi wa koroboi. Yakifika juu yanakauka, yanaacha weupe. Kwa hiyo shamba lililoachwa tupu bila kumwagiliwa, huku maji yakiwa karibu chini yake, ndilo linalozidi kuwa jeupe.

AINA MBILI ZA UGONJWA

Udongo unaweza kuugua kwa njia mbili. Dawa zake si sawa.

Wa kwanza ni UDONGO WA CHUMVI. Ukikauka, unaona unga mweupe juu yake. Ndani yake kuna chumvi nyingi zinazoyeyuka. Mpunga unasimama majini lakini hauwezi kuyanywa vizuri. Ncha za majani zinakauka.

Wa pili ni UDONGO WA MAGADI. Hapa sodiamu imeshikamana na udongo wenyewe. Ukilowa unakuwa kama uji, unateleza, maji hayapenyi. Ukikauka unakuwa mgumu kama tofali. Mara nyingine juu yake unaona weusi, kwa sababu magadi yameyeyusha mboji.

Wataalamu wanapima ukali wa udongo kwa kipimo kinachoitwa pH. Tunasoma "pi-echi". Namba 7 ni katikati. Chini ya 7 ni upande wa asidi. Juu ya 7 ni upande wa besi. Udongo wa magadi kwa kawaida unapita 8.5.

JARIBIO LA CHUPA

Wewe mwenyewe unaweza kuanza kuchunguza. Chukua chupa safi inayopitisha mwanga. Tia udongo mkavu uliopondwa, ujaze robo ya chupa. Ongeza maji ya mvua mpaka karibu na shingo. Tikisa vizuri, kisha weka mahali pasipotikiswa mpaka kesho.

Kama maji yamekuwa maangavu na udongo umetuama chini, huenda ni udongo mzuri, au ni udongo wa chumvi. Kama maji bado ni ya tope, huenda ni udongo wa magadi. Jaribio hili ni dalili tu. Jibu kamili linatoka katika maabara.

Ili kupeleka udongo maabara, chota mahali 10 katika jaruba, kina cha sentimita 20. Changanya katika ndoo safi. Usitumie mfuko wa mbolea wala ndoo ya majivu. Anika kivulini, chukua nusu kilo, andika jina lako na la jaruba. Mwone bwana shamba au bibi shamba wako. Wataalamu wa udongo wapo TARI Mlingano, mkoani Tanga. Nasi hapa Chekereni tuna jirani mwema, Kituo cha Mafunzo ya Kilimo, KATC, ambapo unaweza kuuliza.

DAWA YAKE

Udongo wa chumvi unaoshwa. Kwanza zibua mtaro wa kutolea maji. Pili sawazisha jaruba, kusiwe na kilima ndani yake, maana chumvi hukusanyika kilimani. Tatu ingiza maji, yaache yapenye, kisha yatoe. Ukiosha bila mtaro, unahamisha chumvi kwenda kwa jirani au unaiacha palepale.

Udongo wa magadi hauponi kwa maji peke yake. Hapa ndipo jasi inapofanya kazi. Sodiamu imekaa katika udongo kama mpangaji asiyetaka kuhama. Kalsiamu ya jasi inaingia, inamtoa, inashika nafasi yake. Sodiamu iliyotolewa inaungana na salfeti, inayeyuka. Hapo ndipo unapoosha kwa maji na kuitoa kwa mtaro. Kiasi cha jasi kinategemea vipimo vya maabara. Usikisie. Ongeza pia samadi na mabua ya mpunga, ili udongo upate nafasi ya kupumua.

Umeona, ndugu mkulima? Jasi ni chumvi, na magadi ni chumvi. Chumvi moja inafukuza nyingine.

Na mbolea? Usiache kutia. Mfuko wa Urea wa kilo 50 una naitrojeni asilimia 46, yaani kilo 23. Mfuko wa SA una asilimia 21, yaani kilo 10 na nusu. Urea ina nguvu zaidi kwa mfuko. Lakini katika udongo wa magadi, Urea iliyomwagwa juu ya maji hupotea kwa urahisi. Inageuka amonia na kupaa hewani. Fedha yako inapaa nayo. Punguza maji, tia mbolea juu ya tope, ichanganye na udongo, kisha rudisha maji. SA inafaa zaidi katika udongo wa magadi, kwa kuwa inavuta udongo upande wa asidi. Katika udongo wa chumvi, gawa mbolea yako mara mbili au tatu. Usiimwage yote siku moja.

MAMA YULE

Nilirudi kwa mama yule na chupa mkononi. Tulifanya jaribio pamoja. Maji yakawa maangavu. Jaruba lake lilikuwa na weupe kona moja tu, karibu na mtaro ulioziba kwa majani. Majirani wanne walikuja na majembe, wakauzibua kwa asubuhi mbili. Akaosha jaruba, akatia SA kwa mafungu matatu. Msimu uliofuata alivuna magunia 18.

Siku hizi mkutanoni anakaa mbele. Nikitamka neno "chumvi", ananyoosha mkono na kuniuliza, "Bwana shamba, chumvi ipi?"

Hilo ndilo swali la kuuliza.

MASWALI YA KUJIULIZA

1. Asidi ikikutana na besi, inatoka nini?
2. Taja chumvi tatu zilizoelezwa hapa, mbali na ile ya mezani.
3. Kwa nini mtaro ulioziba unaleta weupe shambani?
4. Udongo wa chumvi na udongo wa magadi unatofautianaje?
5. Mtaro wa jaruba lako uko wazi leo?