Kwa Nini Mchezo wa Simu Moja Hukataliwa na Nyingine

Huko Ipole, wilayani Sikonge, barabara itokayo Tabora hugawanyika: moja huelekea Mbeya, nyingine Mpanda. Katika nchi hiyo ya miombo na mizinga ya nyuki, simu ya kitochi ina faida yake, kwani betri yake hudumu siku kadhaa. Lakini mwenye kitochi cha zamani akinakili mchezo kutoka simu ya jirani, mara nyingi simu yake huukataa. Je, sababu ni nini?

Mchezo wa nyoka, uliotokea mwaka 1997 katika Nokia 6110, ulijengwa ndani ya simu yenyewe. Baadaye lugha ya Java iliwezesha mchezo mmoja kutumika katika simu za viwanda mbalimbali. Kanuni zake za kwanza kwa simu, ziitwazo MIDP 1.0, zilitolewa mwaka 2000, MIDP 2.0 zikafuata mwaka 2002. Simu isiyo na Java kabisa, kama Nokia 1100 ya mwaka 2003, haiwezi kuendesha michezo hiyo hata ikinakiliwa vipi.

Simu yenye Java nayo ina kikomo chake, kama mpagazi wa Kinyamwezi wa zama za misafara, ambaye mzigo wake wa kawaida ulikuwa yapata kilo 30. Nokia 6610 ya mwaka 2002 haikupokea mchezo uzidio kilobaiti 64, na kioo chake kilikuwa na nukta 128 kwa 128 tu.

Kila mchezo hubeba hati itajayo kanuni unazohitaji. Wapo mafundi wanaofuta “2.0” na kuandika “1.0”. Hila hiyo hufaulu iwapo mchezo hautumii amri za kanuni mpya. Ukizitumia, hukwama njiani. Kubadili hati ya mzigo hakupunguzi mzigo. Njia ya hakika ni kutafuta toleo lililotengenezwa kwa aina hiyo ya simu, maana watengenezaji walitoa matoleo mengi ya mchezo mmoja.

Tahadhari yahitajika. Mwaka 2006 iligunduliwa programu ya Java iitwayo RedBrowser, iliyojidai kufungua kurasa za mtandao bila malipo, kumbe ilituma ujumbe wa gharama kubwa. Mchezo hauhitaji kutuma ujumbe ili uchezwe. Ukiomba ruhusa hiyo, unyimwe na ufutwe, kabla salio halijakwisha.