Wasan na Haki ya Kisima

Wasan wa jangwa la Kalahari waliishi kwa karne nyingi kwa kuwinda na kuchimba mizizi, wakihifadhi maji katika maganda ya mayai ya mbuni. Windo lilikuwa la kambi nzima, wala mwindaji hakuachiwa kujivuna.

Mwaka 1997 na 2002 Serikali ya Botswana iliwahamisha wengi wao kutoka Hifadhi ya Kalahari ya Kati. Mwaka 2006 Mahakama Kuu iliamua kuwa waliondolewa bila ya ridhaa yao. Mwaka 2011 Mahakama ya Rufani ikawapa haki ya kuchimba visima.

Ndugu viongozi, sisi wa visiwani twaijua thamani ya kisima cha maji matamu. Basi mwananchi aulizwe kabla ya kuhamishwa, si baada ya hukumu.