Nyumba Moja kwa Bei ya Nyumba Tatu na Nusu



Ndugu zangu wasomaji, wazee na vijana, leo nataka tuzungumze juu ya deni la nyumba. Hili ni lile ambalo mtu hukopeshwa na benki fedha za kununulia nyumba, akalipa kidogo kidogo kwa muda wa miaka 15 au 20, na nyumba yenyewe ikawa rehani mpaka siku atakapotoa shilingi ya mwisho. Deni hili huingia majumbani mwetu kwa mlango wa mbele, tena kwa bashasha, na kwa hiyo ni wachache wanaoliuliza limetoka wapi na litakaa siku ngapi.

Kilichonifanya niandike ni hiki. Siku moja baada ya sala ya Alasiri alinijia chuoni kijana niliyemsomesha tangu alifu hata akahitimu Kurani. Sasa yeye ni mwalimu wa skuli na mkewe ni muuguzi. Wamehamishiwa Unguja, wana watoto wawili, nao wamechoka kuhamahama nyumba za kupanga. Baada ya salamu akatoa bahasha akanambia, "Maalim, nimekuja kutaka dua yako. Tumepata nyumba ya shilingi 50,000,000, na benki imekubali kutukopesha. Kila mwezi tutakatwa 733,400 tu, na mishahara yetu miwili inatosha. Wanataka dhamana ya ziada, na mama amekubali kuitoa nyumba yake ya Wete."

Nikamwuliza, "Na jumla yake ni ngapi, mwanangu?"

Akaiangalia karatasi, akaigeuza nyuma, kisha akanyamaza. Kijana huyu hesabu huwafundisha watoto wa watu, lakini hesabu hii hakuifanya, kwa sababu aliyempa karatasi alimwonyesha mwezi mmoja, wala hakumwonyesha miezi 240.

HESABU YA UBAONI

Mimi si mtu wa benki. Elimu yangu ni ya chuo cha Kurani na skuli ya msingi. Lakini nimesomesha mirathi miaka mingi, na mwenye kuzoea kugawa thumni na sudusi haogopi kuzidisha. Tukaufuta ubao tukaanza.

Riba ya mkopo ule ilikuwa 17 kwa mia kwa mwaka. Hiyo si riba ya ajabu, maana kwa miaka ya karibuni mikopo mingi ya nyumba nchini Tanzania imekuwa ikitozwa baina ya 15 na 19 kwa mia. Muda wake ni miaka 20. Tukazidisha 733,400 kwa miezi 240, tukapata shilingi 176,016,000. Tukatoa zile 50,000,000 za nyumba, zikabaki 126,016,000. Basi huyu ananunua nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu na nusu, nazo mbili na nusu hatazilala hata usiku mmoja.

Kisha tukatazama mwezi wa kwanza peke yake. Riba ya 17 kwa mia juu ya milioni 50 ni 8,500,000 kwa mwaka, yaani 708,333 kwa mwezi. Katika zile 733,400 atakazolipa, zinazokwenda kupunguza deni lenyewe ni 25,067 tu. Mwezi wa pili zitazidi kidogo, na wa tatu kidogo tena. Ndivyo mikopo hii ilivyotengenezwa: mkopeshaji huchukua riba yake kwanza, na deni hupunguzwa kwa kinachosalia.

Tukaendelea mpaka mwaka wa 10, katikati ya safari. Kijana atakuwa amelipa kiasi cha milioni 88. Je, deni litakuwa limebaki kiasi gani? Wengi hujibu milioni 25, kwa kuwa ni nusu ya muda. Ndugu msomaji, litakuwa limebaki zaidi kidogo ya milioni 42. Akifukuzwa kazi siku hiyo, au akipatwa na maradhi, au mmoja wao akafariki bila bima ya kulilipa deni, nyumba itapigwa mnada kwa ajili ya deni hilo. Nayo nyumba ya mama, ikiwa imetiwa dhamana, itafuata ikiwa ya kwanza haikutosha.

Na hapo hatujatia gharama za kuithamini nyumba, za bima, na za kuandikisha hati. Wala hatujasema kwamba mikataba mingine humpa mkopeshaji ruhusa ya kuipandisha riba katikati ya njia.

REHANI SI JAMBO GENI PEMBA

Wako watakaosema haya ni mambo ya watu wa mijini. La, sisi watu wa Pemba ndio tunaopaswa kuyajua zaidi, kwa kuwa yaliwafika wazee wetu.

Baada ya kimbunga cha mwaka 1872 kuivunja mikarafuu mingi ya Unguja, kisiwa chetu ndicho kilichokuwa tegemeo la karafuu. Lakini karafuu ni zao la matumaini. Mwaka mmoja huzaa sana, mwaka wa pili haina kitu, na bei yake haipangwi Pemba. Ulipofutwa utumwa kisheria mwaka 1897, ikawalazimu wenye mashamba kulipa ujira wa kupalilia na kuchuma, na aliyekuwa hana fedha mkononi alizikopa. Wengine walikopa kwa haja ya shamba, na wengine, tuseme kweli, kwa harusi na fahari. Wakopeshaji, wengi wao wafanyabiashara wa Kihindi, walitaka mashamba yawekwe rehani.

Kwa kuwa watu walijua kwamba riba ni haramu, yalitumika mapatano yaliyoitwa bei khiyari. Mtu humwuzia mkopeshaji shamba lake kwa fedha anazozihitaji, kwa sharti kwamba akizirejesha katika muda uliowekwa shamba litamrudia. Katika muda huo mwenye shamba hubaki humo humo akilipa kodi kila mwaka, kana kwamba ni mpangaji. Karatasini paliandikwa mauzo na kodi, wala neno riba halikuonekana. Lakini ile kodi ndiyo riba iliyovikwa kanzu nyingine, na muda ulipopita bila ya fedha kurudi, shamba lilikwenda.

Bei za karafuu zilipoporomoka katika miaka ya mwanzo ya 1930, madeni yalizidi nguvu za watu hata serikali ya wakati ule ikalazimika kuingia kati. Mwaka 1934 zilitolewa sheria za kuzuia ardhi ya Waarabu na Waafrika isiwatoke ovyo, na za kuwasimamia wakopeshaji. Ugomvi wa biashara ya karafuu ulifika mpaka Bara Hindi, karafuu zetu zikasusiwa huko mwaka 1937, na mapatano hayakupatikana ila mwaka 1938. Baada ya Mapinduzi ya 1964 ardhi ilifanywa mali ya serikali, na mashamba mengi yakagawiwa watu eka tatu tatu, na kisa kile cha zamani kikafungwa.

Marehemu baba yangu alinihadithia kwamba shamba la babu, upande wa Mtambwe, lilikwenda kwa njia hiyo. Yeye alikuwa mtoto mdogo. Msimu uliofuata babu aliingia katika shamba lile lile kuchuma karafuu kwa ujira, na baba akimfuata nyuma na pakacha. Alikuwa akiujua kila mkarafuu, upi huwahi na upi huchelewa. Baba aliniambia kwamba babu hakumtukana mkopeshaji hata siku moja. Alikuwa akisema, "Nilihesabu fedha nilizopewa, sikuhesabu nitakazotoa."

JINA NA KITU CHENYEWE

Dini yetu haikuharamisha deni, wala haikuharamisha rehani. Mtume wetu, rehema na amani zimshukie, aliweka rehani deraya yake ya chuma kwa Myahudi ili apate shayiri ya chakula cha watu wa nyumbani mwake. Katika Suratul Baqara Mwenyezi Mungu ametuamrisha tuliandike deni, tushuhudishe watu, na tumpe muhula mdeni aliyefikwa na dhiki. Kilichoharamishwa ni riba, na aya ya 275 ya sura hiyo imeitenga na biashara waziwazi, ikawakanya wale waliodai kwamba vyote viwili ni sawa.

Siku hizi ziko njia zinazokusudiwa kumwepusha Muislamu na riba. Mwaka 2011 Benki ya Watu wa Zanzibar ilifungua upande wake wa shughuli za Kiislamu, na mwaka huo huo Benki ya Amana ikaanza kazi nchini Tanzania. Katika njia ya murabaha, benki huinunua nyumba kwanza ikawa mali yake, kisha ikakuuzia kwa bei inayotajwa mwanzo pamoja na faida yake, ukalipa kwa mafungu. Katika njia ya ushirika unaopungua, wewe na benki hununua pamoja, nawe ukawa unanunua sehemu yake kidogo kidogo huku ukilipa kodi ya ile iliyosalia. Tofauti yake na riba ni ya kweli. Katika murabaha bei ikishafungwa haizidi hata ukichelewa, na benki imebeba hatari ya mwenye mali kabla ya kukuuzia.

Hata hivyo, jina la halali halimwondolei mtu wajibu wa kuhesabu. Faida ikiwekwa kubwa, murabaha nao waweza kukuuzia nyumba ya milioni 50 kwa milioni 150. Huenda kukawa hakuna riba ndani yake, lakini kitanda chako na sahani za watoto wako havitaijua tofauti hiyo. Tena yafaa kuuliza: je, benki imeimiliki nyumba kweli, au karatasi zimepita tu mezani? Bei khiyari nayo ilikuwa na jina zuri.

ANAYEPANGA JE?

Kijana akanijibu kwa adabu, "Maalim, lakini mpangaji naye hulipa miaka 20 na mwisho hana hata mlango." Maneno yake yana haki, basi nayo tukayatia katika hesabu.

Tuseme anapanga kwa 300,000 kwa mwezi. Baina ya kodi hiyo na yale makato ya benki pana 433,400. Akiziweka hizo kila mwezi kwa uaminifu ule ule ambao benki ingemkata nao, hufika milioni 50 katika miezi 116, yaani chini ya miaka 10. Wakati huo mwenye mkopo bado anadaiwa zaidi ya milioni 42.

Ni kweli kwamba bei za nyumba na kodi hupanda, na shilingi ya leo si shilingi ya kesho. Ndiyo sababu wazee wetu wa Pemba hawakuziacha fedha zilale. Ukipatikana msimu mzuri wa karafuu, mtu hununua matofali. Msimu mwingine huchimba msingi, mwingine husimamisha kuta, na bati huja baadaye. Wageni hucheka wakiona kuta zilizoota majani ndani, lakini kila tofali pale limekwisha lipwa, wala hapana mtu wa kuja kulidai. Kwa mwenye mshahara, upatu wa watu waaminifu hufanya kazi ile ile.

Simhukumu kila aliyekopa. Wako watu waliobanwa na mambo nisiyoyajua, na Mwenyezi Mungu ni Mwingi wa rehema. Ninalowaomba wazazi na vijana ni hili: kabla ya kutia saini, ketini mume na mke, na mzee mmoja awe shahidi, mwulize mambo manne. Jumla ya fedha zote mpaka siku ya mwisho ni ngapi? Nikisimama katikati ya njia, deni litakuwa limebaki kiasi gani? Bei hii yaweza kuongezeka? Na nikishindwa, ni nani mwingine atakayetoka nyumbani kwake pamoja nami? Asiyeweza kukujibu manne hayo kwa maandishi, usimpe saini yako.

Kijana wangu hakutia saini. Walihamia nyumba ndogo zaidi ya kupanga, wakaingia upatu na wenzao wa kazini, na mwaka jana wakanunua kiwanja nje kidogo ya mji. Nyumba bado hawana. Wana msingi tu, na matofali yamepangwa chini ya mwembe. Mkewe, nimeambiwa, hazifurahii safari za daladala asubuhi, naye ana haki. Lakini mama yake kijana yuko Wete nyumbani kwake, na asubuhi akifungua mlango, mlango ni wake.

Tunamwomba Mwenyezi Mungu atutosheleze kwa halali yake, atuepushe na uzito wa deni, na awape vijana wetu makazi yenye baraka. Wabillahi tawfiki.