NI WASTANI WA SURA YA NANI?

Mtu wa Misungwi apigapo picha ya kitambulisho leo, picha hiyo moja yatosha kumzalia mtu wa pili, asiyekula wala kulala, aishiye ndani ya miwani ya uhalisia pepe. Ajabu hiyo tumekwisha kuizoea. Linalotupasa kuuliza ni huyo wa pili atapewa sura gani.

Kazi yenyewe hufanywa hivi. Programu huweka alama penye pembe za macho, ncha ya pua, midomo na kidevu. Lakini picha ni bapa, haina kina. Kwa hiyo kimo cha pua na upana wa shavu hukisiwa kwa kulinganishwa na sura ya wastani ambayo programu imekwisha kufundishwa. Kisha husukwa wavu wa pembetatu ndogo ndogo, picha ikawambwa juu yake kama ngozi iwambwavyo juu ya ngoma, na ndani hutiwa mifupa ya kubuni ili taya icheze.

Basi, shina la jambo ni hiyo sura ya wastani. Mwaka 1999 Volker Blanz na Thomas Vetter, waliokuwa Ujerumani, walitangaza njia hii kwa vichwa 200 vya vijana, wanaume 100 na wanawake 100. Wenyewe walikiri kwamba vipimo vile viliwatosha Wazungu, na kwamba walitamani kuongeza watu wa asili nyingine. Hatuwalaumu, walipima majirani zao. Lakini Msukuma akikisiwa kwa kipimo hicho, mama yake atamtambua?

Mwaka 2018 Joy Buolamwini na Timnit Gebru walijaribu programu tatu zitambuazo jinsia kwa uso. Kwa wanawake weusi makosa yalifika 34.7 katika kila 100. Kwa wanaume weupe hayakuzidi 0.8. Na hapa Misungwi ipo shule ya msingi Mitindo, yenye wanafunzi wenye ualbino. Mashine iliyofunzwa kwamba ngozi nyeupe huandamana na pua ya Kizungu itamchora vipi mtoto yule?

Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 imekwisha kuweka masharti. Mwajiri atakaye sura za wafanyakazi kwa mafunzo ya miwani aseme kwanza anazipeleka wapi. Nao vijana wetu walio vyuoni Mwanza waanze na vichwa 200 vya wilaya hii: wavuvi wa Kigongo, wakulima wa pamba, akina mama wa sokoni, kila mmoja kwa ridhaa yake iliyoandikwa.